Je, yale meusi katikati ya Njia Nyeupe ni matundu?

Swali limetoka kwa mwalimu wa shule ya msingi, Mbagala:

"Julai tulikwenda Mafia kwa msiba wa bibi. Usiku wa pili tumekaa mkekani nje, taa hakuna, mwanangu wa darasa la pili akainua macho akaiona Njia Nyeupe, ule mkanda wa nyota unaokatiza anga, kwa mara ya kwanza maishani. Akaniuliza, 'Mama, mbona katikati pamechanika?' Kweli, kuna mpasuko mweusi umeigawa katikati, na madoa meusi pembeni. Nikamjibu ni mawingu. Mjomba wake akacheka, akasema mawingu gani hayo yasiyosogea usiku kucha, hayo ni matundu tu, hakuna nyota. Na kitabu ninachofundishia kinasema kati ya nyota na nyota ni utupu. Je, nimemdanganya mtoto? Na kama ni mawingu, yananyesha?"

Mwalimu, poleni na msiba. Mtoto hukumdanganya. Yale ni mawingu kweli, ila si ya mvuke wa maji. Ni gesi na vumbi laini mno, yametanda baina ya nyota, na yanaziba nuru ya nyota zilizo nyuma yake kama pazia linavyoziba taa ya chumba cha pili.

Mjomba naye msimcheke sana. William Herschel, yule aliyeigundua sayari ya Uranus mwaka 1781, aliyatazama madoa hayo hayo kwa darubini kubwa kuliko zote za wakati wake, naye akayaona ni matundu angani. Ni wazo linalokuja lenyewe. Tatizo lake unaliona ukisimama katikati ya shamba la minazi kule kule Mafia. Tuseme upande mmoja huoni mnazi hata mmoja mpaka mwisho wa shamba. Maana yake kuna njia iliyonyooka toka miguuni pako hadi ng'ambo. Njia moja, haya. Lakini ukigeuka pande zote ukahesabu njia 182, zote zimenyooka kama uzi na zote zinaanzia pale pale ulipokanyaga, utajiuliza aliyeotesha minazi alijuaje kwamba utasimama hapo. Njia Nyeupe nayo ni shamba, si karatasi. Ina kina cha maelfu ya miaka ya nuru, na mwaka mmoja wa nuru ni kilomita trilioni 9.5 hivi. Ili doa moja liwe tundu, lazima liwe handaki lililochimbwa katikati ya nyota zote hizo likatuelekea sisi.

Hiyo 182 sikuitunga. Ndiyo idadi ya madoa meusi aliyoyaorodhesha Mmarekani Edward Emerson Barnard mwaka 1919, baada ya miaka mingi ya kuipiga picha Njia Nyeupe. Huyu ni mtu ninayempenda: alizaliwa katika ufukara, akaanza kazi kwenye studio ya picha akiwa na miaka tisa, hata shule hakusoma sawasawa. Na kwa muda mrefu hata yeye alisitasita kati ya jibu lako na la mjomba. Kisha usiku mmoja wa mwaka 1913, anga safi, hakuna mwezi, akaona vijiwingu vidogo vya kawaida, vya hapa hapa duniani, vikipita mbele ya eneo lenye nyota nyingi la kundinyota la Mshale. Vijiwingu hivyo, ambavyo mchana vingekuwa vyeupe kama pamba, vilionekana vyeusi kama matone ya wino. Vilifanana kabisa na madoa aliyokuwa akiyapiga picha, tofauti ni kwamba hivi vilikuwa vinatembea. Kwa hiyo ukitaka kumjibu mjomba, mwambie jibu la "ni mawingu" alishalifikia mtu aliyeyatazama miaka thelathini.

Kuhusu kutosogea: yanasogea. Kuna wingu dogo jeusi linaitwa Barnard 68, upana wake ni nusu mwaka wa nuru hivi. Likienda kilomita 20 kila sekunde, mwendo wa kufika Mafia kutoka Dar kwa sekunde sita au saba tu, litahitaji zaidi ya miaka 7,000 kusogea upana wake lenyewe. Meli inayosubiri zamu nje ya bandari nayo ukiitazama kutoka ufukweni utaapa imetia nanga, hata kama inatembea.

Sasa kitabu chako. Hapa ndipo penye utamu, niruhusu nikae kidogo.

Chukua kijiko cha chai. Hewa iliyomo humo, hapo ulipo, ina molekuli nyingi kiasi kwamba ukitaka kuziandika utaandika 1 na sifuri 20. Kijiko hicho hicho ukikipeleka mahali pa kawaida kati ya nyota na nyota kitakuwa na atomu tano hivi, karibu zote za hidrojeni. Tano. Kwa kipimo cha jikoni, kitabu kimesema kweli. Katika kiini cha Barnard 68, ambako pameshonana, kijiko kitapata kama milioni moja, na hata hilo bado ni ombwe ambalo maabara za duniani hulitafuta kwa mashine za gharama kubwa. Basi itakuwaje ombwe liwe jeusi hivyo? Picha za darubini kubwa za Ulaya zilizoko Paranal, Chile, zinalionyesha Barnard 68 kama shimo la kisima: katikati yake hakuna nyota hata moja ya nyuma inayopenya.

Jibu ni umbali. Kiwingu kile ni chembamba ajabu, lakini ni kinene cha kilomita trilioni kadhaa. Nilikaa na karatasi nikapiga hesabu: ukipitisha mrija wenye mdomo wa sentimita moja ya mraba katikati ya wingu lote, ukakusanya kila kilichomo, utapata gesi yenye uzito sawa na hewa ya mrija wa urefu wa mita moja hivi. Yaani hewa iliyopo kati yako na mwanafunzi wa dawati la mbele. Hewa hiyo unaona kupitia bila taabu. Kinacholitia wingu giza si gesi, ni ile asilimia moja tu ya uzito wake ambayo ni vumbi. Katika mrija wetu ni kama miligramu moja na kidogo. Wazee wetu waliwahi kupaka kioo masizi juu ya koroboi ili walitazame Jua likipatwa. (Usiwafundishe watoto hilo, masizi hayazuii miale yote inayounguza jicho.) Ni masizi kiasi gani yalihitajika? Tabaka jembamba kuliko ngozi ya kitunguu, na Jua zima likawa duara jekundu hafifu.

Nimetaja masizi si kwa mfano tu. Sehemu moja ya vumbi la angani ni kaboni, jamaa ya karibu ya kile unachokwangua chini ya sufuria. Sehemu nyingine ni silikati, ndugu wa mchanga. Mahali penye baridi kali chembe hizo huvaa ganda la barafu. Lakini usifikirie vumbi la barabara ya Mbagala wakati wa kiangazi. Lile ni mawe ukilinganisha. Chembe ya kawaida kule ni sehemu moja ya kumi ya mikromita, na unywele wa kichwani mwako una unene wa mikromita 70 hivi. Saizi yake inakaribiana na moshi wa sigara.

Saizi hiyo ndiyo inayoeleza jambo la pili, ambalo unaweza kuwaonyesha wanafunzi kwa gharama ya maziwa kidogo. Nililifanya tena juzi jikoni kwangu Tabata. Bilauri ya maji safi, taa zimezimwa, tochi ya simu imelala mezani ikimulika bilauri kutoka ubavuni. Dondosha tone la maziwa, koroga. Dondosha la pili. Ukitazama bilauri kutoka upande, maji yana rangi ya samawati hafifu, kama moshi. Zunguka utazame tochi yenyewe kupitia maziwa: imekuwa ya manjano, na ukiongeza matone inakuwa ya machungwa kama jua la saa kumi na mbili jioni kule Kimara. Chembe za protini na mafuta ndani ya maziwa ni ndogo, na vitu vidogo hivyo hutawanya nuru ya buluu pembeni kuliko nyekundu. Nyekundu inapita.

Nyota iliyo nyuma ya vumbi hupatwa na hayo hayo. Inafifia na inakuwa nyekundu kuliko asili yake. Nuru ya infraredi, ambayo mawimbi yake ni marefu zaidi, inapenya hata pale ambapo nuru ya kawaida imekwama. Simama Kivukoni utazame nguzo iliyo majini: viwimbi vidogo vikiigonga vinasambaratika, lakini wimbi refu la meli linapita kana kwamba nguzo haipo. Ndiyo sababu darubini ya James Webb, inayofanya kazi hasa kwa infraredi, imeonyesha nyota changa ndani ya mawingu ambayo darubini ya Hubble, inayotazama hasa nuru ya kawaida, iliyaona kama ukuta. Rangi za picha zake, kwa taarifa yako, zimechaguliwa na watu; jicho haliioni infraredi.

Tatizo kubwa la vumbi hili kwa wanaastronomia halikuwa madoa meusi. Doa unaliona. Tatizo ni vumbi lililosambaa jembamba kila mahali, lisiloonekana kabisa. Ukiwa Kigamboni usiku ukatazama taa za ng'ambo, taa hafifu inaweza kuwa ya mbali, au ya karibu iliyozibwa na ukungu. Utajuaje? Kama unajua ukubwa wa jengo, pima ukubwa unaoonekana, usitegemee mwanga peke yake. Robert Trumpler wa kituo cha kutazamia nyota cha Lick, California, alifanya hivyo mwaka 1930 kwa vishada vya nyota vipatavyo 100. Alipokadiria umbali wao kwa mwanga, vishada vya mbali vikatoka vikubwa kuliko vya karibu, na kadiri vilivyokuwa mbali ndivyo vilivyozidi kuvimba. Ama ulimwengu umepangwa ili vishada vinenepe kadiri vinavyotukimbia sisi, ama kuna ukungu katikati unaovififisha. Tangu hapo hakuna anayepima umbali wa nyota ya mbali bila kulipa ushuru wa vumbi.

Gesi iligunduliwa mapema zaidi, na kwa bahati. Mwaka 1904 Johannes Hartmann, Ujerumani, alikuwa akiichunguza nyota mojawapo ya mkanda wa kundinyota la Jabari (Orion), ile iitwayo Mintaka. Ni nyota pacha zinazozungukana, kwa hiyo mistari myeusi ambayo gesi yake huiacha kwenye rangi za nuru yake huyumba huku na huku. Mstari mmoja wa kalsiamu ulikataa kuyumba. Kama haufuati nyota, basi si wa nyota. Ni wa kitu kilicho njiani.

Rudi kwenye bilauri. Ile samawati ya pembeni nayo iko angani, tena mahali ambapo kila mkulima wa pwani anapajua: Kilimia. "Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua," walisema wazee, na walikitumia kujua lini washike jembe. Picha za muda mrefu zinaonyesha nyota za Kilimia zimefunikwa utandu wa samawati. Mwaka 1912 Vesto Slipher wa Arizona aliichambua nuru ya utandu huo akakuta ni nuru ile ile ya nyota zenyewe, imegonga vumbi ikaakisiwa kwetu. Watu walidhani ni mabaki ya wingu lililozizaa nyota hizo. Sivyo. Kilimia kina miaka kama milioni 100, wingu lake la uzazi lilishatoweka zamani. Hivi sasa kinapita tu katikati ya wingu la watu wengine.

Nikija kwenye mvua, inabidi kwanza nikueleze vumbi lina kazi gani. Atomu mbili za hidrojeni zikikutana angani peke yake haziungani kirahisi, kwa sababu muungano hutoa nishati, na pasipo kitu cha kuipokea zinaachana papo hapo. Chembe ya vumbi ndiyo mshenga. Atomu moja inatua juu yake, inazurura, nyingine inakuja, zinafungana, nishati inabaki kwa mshenga, na molekuli inaondoka zake. Juu ya chembe hizo hizo huundwa barafu ya maji na vitu vingine. Hadi sasa molekuli zaidi ya 300 zimetambuliwa katika anga hizo: amonia mwaka 1968, maji na fomaldehaidi mwaka 1969, kaboni monoksaidi mwaka 1970. Mwaka 1975 ikapatikana ethanoli katika wingu kubwa la Sagittarius B2, karibu na kitovu cha galaksi yetu, yaani hiyo hiyo Njia Nyeupe. Ndiyo, pombe ile ile. Hilo waachie walimu wenzako wakati wa mapumziko.

Vumbi pia ni mwavuli: linazuia nuru kali ya nyota isiingie, hivyo ndani ya wingu panabaki baridi ya kama nyuzi 263 chini ya sifuri. Gesi yenye joto husukuma nje, yenye baridi haina nguvu hiyo. Ikiwa imekusanyika ya kutosha, uzito wake wenyewe unaanza kuivuta ndani, taratibu, kwa malaki ya miaka, hadi kitovu kinabanwa na kuwaka. Nyota. Kwa hiyo mwambie mtoto yananyesha, ila kinachodondoka ni nyota, na mengi ya mawingu hayo hutawanyika kabla hayajanyesha sana. Barnard 68 lenyewe lipo ukingoni, limebakiza kidogo lianze kujikunja.

Nyota changa huzungukwa na sahani ya mabaki ya vumbi, na humo chembe zikigongana zinashikamana, zinakuwa kokoto, zinakuwa mawe, zinakuwa sayari. Jua letu lilipita huko miaka bilioni 4.6 iliyopita. Ukiwapeleka wanafunzi Mbozi, kile kimondo cha chuma cha tani kama 16 walichokuwa wakikijua wenyeji kabla ya mzungu yeyote kukiandika, ni bonge lililobaki kutoka kwenye ujenzi huo. Na kuna vimondo vya mawe vyenye vumbi ambalo halikuyeyuka kabisa: punje za kimondo kilichoanguka Murchison, Australia, mwaka 1969, nyingine zimepimwa zikakutwa na umri wa miaka bilioni 7, zimelitangulia Jua. Hilo ni vumbi la baina ya nyota ambalo mtu amelipima maabara.

Hata sasa tumo ndani yake. Jua na sayari zake zinapita katika wingu jembamba sana, chini ya atomu moja kwa sentimita ya ujazo. Chombo cha anga cha Voyager 1 kilivuka mpaka wa upepo wa Jua, zile chembe zinazovuma kutoka kwenye Jua, Agosti 2012 kikaingia humo moja kwa moja, na mwenzake Voyager 2 akafuata Novemba 2018.

Huhitaji kusubiri safari nyingine ya Mafia. Ule mpasuko mweusi, kweli, kwa taa za Mbagala hutauona. Unapita karibu na utosi saa nne usiku mwezi Julai, na itabidi uende ndani kabisa ya Kigamboni, Kimbiji hivi, usiku usio na mwezi. Lakini katikati ya Januari, saa nne na nusu usiku, laza mkeka uani, zima taa ya nje, mtoto alale chali atazame juu kabisa. Nyota tatu za mkanda wa Jabari ziko hapo. Pembeni yake kidogo kuna nyota chache zilizojipanga kama upanga, na moja ya kati ina ukungu. Huo ndio nebula ya Jabari, wingu lililoko miaka ya nuru 1,350 hivi, ambalo linanyesha sasa hivi. Kwa sababu Dar iko nyuzi 7 kasoro kusini ya ikweta, na lenyewe liko nyuzi 5 na nusu kusini, linapita karibu sawasawa juu ya vichwa vyetu. Mwenzangu wa Ulaya analitafuta chini huko kwenye moshi wa mji. Ukipata darubini ya macho mawili ya kuazima, hata ile ya kutazamia wanyama, mpe ashike mwenyewe. Ataona kijivu, si zambarau ya kwenye picha. Mwambie mapema, asije akadhani darubini ni mbovu.